Kanisa Lililoanza na Ghala: Kusoma Majengo ya Ibada kutoka Lodwar hadi Kakuma

Mwaka huu nimepewa ukurasa wa somo. Mhariri alitaka niandike juu ya ngeli, lakini ngeli tunazo darasani kila siku ya Mungu, kwa hiyo nikamwomba aniruhusu tusome kitu ambacho hakikuandikwa kwa wino. Tusome jengo. Jengo lenyewe ni kanisa. Sikuja kuhubiri, kazi hiyo ina wenyewe. Nataka tu tujue kwa nini makanisa yetu ya Turkana yamekaa jinsi yalivyokaa, na kwa nini hayafanani na yale tunayoyaona kwenye kalenda.

Tuanze na maneno, maana hiki ni Chama cha Kiswahili. "Kanisa" ni neno tulilolipata kwa Waarabu, na "msalaba" vile vile. "Mimbari" ni ile ile moja: Ijumaa iko msikitini, Jumapili iko kanisani. "Madhabahu" ni mahali pa kuchinjia, ndiyo sababu tunalo pia neno "dhabihu". Mfugaji yeyote wa hapa kwetu atalielewa upesi kuliko mtu wa mjini. "Padre" aliletwa na Wareno, na "askofu" alitoka kwa Wagiriki akapitia kwa Waarabu ndipo akatufikia. Neno "parokia" ninaliweka kando kwanza. Tutalihitaji tukifika Kakuma.

Sasa hiyo kalenda. Bila shaka umeiona: kanisa dogo la mawe, mnara wa mraba, nyasi za kijani kibichi, makaburi yameinama chini ya mti mkubwa mweusi. Hilo ndilo kanisa la parokia ya mashambani Uingereza, nayo yako kwa maelfu. Mengi yana umri wa miaka mia saba, mia nane, au zaidi. Ninaanza nalo kwa sababu ramani yake ndiyo iliyosafiri ikafika hadi kwetu. Kanisa la All Saints pale Nairobi, ambalo jiwe lake la msingi liliwekwa mwaka 1917, lilichorwa na Mwingereza, Temple Moore, na ukilitazama ni kama limeng'olewa kwao na kupandwa kando ya Uhuru Park.

Kanisa la namna hiyo lina sehemu mbili kubwa. Upande wa magharibi ni ukumbi wa waumini, na upande wa mashariki, kunakochomoza jua, ni sehemu ya madhabahu. Ule ukumbi Waingereza huuita kwa jina lililotoka katika neno la Kilatini lenye maana ya merikebu. Ukiinua macho ukatazama mbao za paa utaelewa: ni kama jahazi lililopinduliwa. Kati ya sehemu hizo mbili, zamani kulisimamishwa kiambaza cha mbao zilizochongwa. Padre ndani, watu nje. Na hata gharama ziligawanywa hivyo. Kwa desturi, mwenye kupokea mapato ya kanisa alitengeneza upande wa madhabahu, na wanakijiji walitengeneza ukumbi wao wenyewe. Basi ukikuta ukumbi ni mpana na wa kifahari kuliko upande wa padre, jengo limeshakuambia nani alikuwa na pesa.

Huko ndiko kusoma jengo. Matao ya madirisha yakiwa ya nusu duara, na ukuta mnene, huenda ni kazi ya Wanormani walioiteka nchi hiyo mwaka 1066 na vizazi vyao. Yakichongoka juu, ni ya kuanzia mwisho wa karne ya 12 kuja mbele. Kuta nyeupe tupu zinaweza kuwa zinaficha picha: mfalme Henry VIII alipojitenga na Papa mwaka 1534 mambo yalianza kubadilika, na miaka iliyofuata picha nyingi zilipakwa chokaa na sanamu zikavunjwa. Kule Lavenham, katika jimbo la Suffolk, kuna kanisa kubwa ajabu kwa kijiji kidogo. Matajiri wa nguo za sufu walilitolea mali mwishoni mwa karne ya 15 na mwanzoni mwa ile ya 16. Kwa maneno mengine, kondoo walijenga kanisa! Na Greensted, jimbo la Essex, liko kanisa ambalo kuta za ukumbi wake si mawe bali magogo ya mwaloni yaliyopasuliwa na kusimamishwa wima, moja kando ya jingine. Nilipoiona picha yake nilicheka, maana ni kama ua wa boma. Yamesimama hivyo kwa karibu miaka elfu moja.

Lakini jengo ninalotaka mlikumbuke zaidi halikuwa kanisa lenyewe. Ni ghala. Kila mkulima wa parokia alipaswa kutoa fungu la kumi: gunia moja katika kumi, mwanakondoo mmoja katika kumi, hata mayai na maziwa. Haikuwa hiari, ilikuwa sheria. Nafaka hiyo ilihitaji pa kuwekwa, kwa hiyo pengine lilijengwa ghala la fungu la kumi, na mengine yalikuwa makubwa kuliko kanisa. Mavuno yaliingia mle yakitoka kwa watu. Ilipofika mwaka 1836 ndipo ikapitishwa sheria ya kugeuza malipo hayo yawe fedha.

Shikeni hapo hapo kwenye ghala, sasa turudi nyumbani.

Turkana hatukuwa na kanisa la jengo kwa muda mrefu. Ibada, mashauri, dua za mvua kwa Akuj, vyote vilikuwa chini ya mti. Mpaka leo kila mahali pana mti wa wanaume, na si mti wowote tu. Huwa ni ewoi au mwingine wenye kivuli cha kutosha, na watu wanajua nani hukaa wapi. Nyumba ilikuwa kazi ya mama: akai ya kulala, ekol ya kivuli cha mchana, na vyote hujengwa kwa fito na majani ya mkoma, vinaachwa au vinabebwa wakati wa kuhama. Mjenzi wa mawe angefanya nini katikati ya watu wanaofuata nyasi?

Tena serikali ya kikoloni ilikuwa imeifunga wilaya hii. Mgeni hakuingia bila kibali, na wamishonari kwa miaka mingi walizuiwa. Ndiyo maana wakati Mombasa ilikuwa na kijiji cha Freretown tangu miaka ya 1870, na kengele yake imewaachia watu jina la mtaa, Kengeleni, sisi tulikuwa bado tumefungiwa. Lodwar ilijulikana kwa wafungwa kuliko kwa mapadre. Mzee Jomo Kenyatta alitoka gerezani Lokitaung mwaka 1959 akaletwa kukaa kizuizini Lodwar.

Kilichofungua mlango ni njaa. Ukame wa mwaka 1960 na 1961 uliua mifugo, na watu wakakusanyika kwenye kambi za chakula. Hapo ndipo wamishonari waliporuhusiwa kuingia. Wakatoliki walikuwa mapadre wa Shirika la Mtakatifu Patriki, ambalo lilianzishwa Kiltegan, Ireland, mwaka 1932, na baada yao masista waganga. Waprotestanti wa Africa Inland Mission nao wakafungua kituo Lokori, kusini. Mwaka 1968 Lodwar ikatengwa na Eldoret na kupewa eneo lake la kanisa chini ya John Mahon, na mwaka 1978 ikawa jimbo kamili, naye akawa askofu wake wa kwanza hadi mwaka 2000.

Nyanya yangu alikuwa msichana mdogo wakati wa njaa ile. Ukimwuliza kanisa lilikuja lini, yeye haanzi na kanisa. Anaanza na foleni. "Kwanza ilikuwa unga," anasema. "Halafu sindano. Halafu maji. Halafu wakatuita kusali." Nikamwuliza walisali wapi. Akanitazama kama mtu aliyeulizwa swali la kipuuzi: "Si chini ya mti, mjukuu wangu, ungetaka wapi?"

Utaratibu huo wa nyanya ndio ramani ya vituo vyetu vingi vya misheni hata leo. Nenda kwenye kituo cha zamani, simama katikati ya uwanja, tazama. Utaona ghala, zahanati, kisima chenye pampu ya mkono au ya upepo, madarasa, nyumba ya mapadre, na kanisa liko hapo miongoni mwao kama ndugu mmoja katika familia, mara nyingi wala si mkubwa wao. Kule Uingereza nafaka ilitoka kwa watu ikaingia ghala la kanisa. Kwetu ilitoka ghalani ikaenda kwa watu. Ramani ni ile ile, kanisa na ghala, lakini mlango wa ghala umegeuzwa.

Hapa sitaki kusifu tu. Ghala lilileta pia mambo yake. Watu walijenga karibu na chakula, na mahali palipokuwa malisho pakawa kijiji, kisha kijiji kikawa mji. Miti ya kando ya mto, ambayo kila ukoo ulikuwa na ekwar yake, ikaanza kukatwa makaa na yeyote. Wapo wazee wanaosema misheni ilitufundisha kukaa na kungoja lori. Wengine hujibu kwamba bila lile lori wasingekuwapo wa kulaumu. Wote wawili nimewasikia wakibishana, tena chini ya ule mti wa wanaume, na kwa maoni yangu kila mmoja ana ushahidi wake, nao umesimama pale uwanjani.

Tuje kwenye jengo lenyewe, maana wapo wanafunzi wa sayansi wanaosema Kiswahili hakina hesabu. Lodwar iko kama digrii tatu kaskazini ya ikweta. Jua linapita karibu juu ya utosi, na joto la mchana kwa kawaida hufika nyuzi 35 au kuzidi. Ukuta unaoumia zaidi ni ule unaotazama mashariki asubuhi na ule unaotazama magharibi jioni. Sasa kumbuka lile kanisa la kalenda: refu, limelala kutoka magharibi kwenda mashariki. Waingereza walililaza hivyo kwa sababu ya imani. Kumbe hapa kwetu mlalo huo huo ni dawa ya joto! Kuta ndefu zinatazama kaskazini na kusini ambako jua haligongi sana, na ni zile fupi tu zinazochomwa. Mjenzi anayegeuza kanisa litazame barabara ili lipendeze amewaletea waumini jiko.

Upepo nao. Upepo wetu mkubwa hutoka kusini-mashariki, unapita bondeni kati ya milima ya Ethiopia na nyanda za juu za Kenya. Ndio huo huo unaozungusha zile mashine 365 za umeme kule ng'ambo ya ziwa, upande wa Marsabit. Kanisa la Uingereza huweka vioo kuzuia baridi. Hapa ukuta mrefu unataka matundu, tena matundu ya chini kwa watu walioketi na ya juu chini ya paa ili hewa moto itoke. Makanisa mengi yetu yana matofali yenye vitobo badala ya vioo. Msidharau vile vitobo. Vimechukua mahali pa madirisha ya rangi, na saa sita mchana mwanga wake ukianguka sakafuni, mimi naona havikushindwa kwa uzuri.

Paa ndilo tatizo. Lile la Uingereza limeinuka sana kwa ajili ya mvua na theluji. Sisi kwa wastani hatufikishi milimita 250 za mvua kwa mwaka mzima, kwa hiyo hatuhitaji mwinuko huo. Tunahitaji kivuli. Bati ni jepesi, hubebwa na lori kutoka Kitale, haliliwi na mchwa, lakini adhuhuri ni kikaango. Majani ya mkoma hupoza vizuri ila yanataka kubadilishwa, na moto ukitokea hayana huruma. Wengine huweka bati juu na dari ya majani chini yake. Huo naona ni ubunifu mkubwa kuliko matao ya kuchongoka, ingawa hakuna anayeupiga picha.

Nasema hivi kwa sababu kigango cha kwetu, mwendo wa saa mbili kwa miguu kutoka Lodwar, kiko katika mgogoro. Tunacho kibanda cha ibada cha nguzo na majani, kando yake ewoi mkubwa, na kengele yetu ni rimu ya lori inayoning'inia tawini. Kamati imepata ahadi ya mabati na simenti. Vijana wa kwaya wanataka kanisa la kisasa, na kisasa kwao ni lile la kalenda: mnara, madirisha yaliyochongoka, milango miwili. Ramani imechorwa, na kwenye ramani mti haupo. Nguzo ya mnara imeangukia pale pale penye shina lake.

Wazee wameketi mara tatu juu ya jambo hili. Katika kikao cha mwisho mama mmoja, ambaye kwa kawaida hasemi, aliuliza swali moja: "Jumapili ya kwanza tukishamaliza kujenga, na ndani kumeiva, tutatokea tukae wapi?" Watu walicheka, lakini mwenyekiti hakucheka. Msimamo wangu nimeshautoa nyumbani na ninautoa hapa. Kanisa lisogezwe hatua ishirini, lilale mashariki na magharibi, na mti ubaki. Waingereza wenyewe, wanaoigwa, waliacha miti mikubwa kwenye viwanja vya makanisa yao, na mingine inasemekana ni mizee kuliko kuta. Kikao cha nne ni baada ya Pasaka.

Sasa tusafiri kilomita kama 120 kwenda kaskazini-magharibi, tufike Kakuma. Huko pia palikuwa na misheni na hospitali yake kabla ya wakimbizi. Mwaka 1992 vijana wa Sudan, wengi wao wavulana waliotembea kutoka Ethiopia bila wazazi, wakafikishwa hapo, na kambi ikaanza kando ya mto mkavu wa Tarach. Baadaye wakaja Wasomali, Waethiopia, Wakongo, Warundi na wengine. Kila taifa likajenga pa kusalia. Ukipita Jumapili utasikia ngoma za Wadinka na utawaona wamebeba misalaba mkononi. Waorthodoksi wa Ethiopia wamevaa shuka nyeupe, viatu vimeachwa nje. Wakongo, na hao ndio furaha ya Chama chetu, wanaimba kwa Kiswahili chao chenye ladha ya Kivu. Misikiti nayo ipo, si michache.

Ukiyasoma majengo haya utaona kitu ambacho Lavenham huwezi kukiona. Mengi ni ya matofali ya udongo mbichi na mabati. Sababu si umaskini peke yake. Kwa miaka mingi kambi ilichukuliwa kuwa ya muda, na mkimbizi hakutarajiwa kujenga nyumba ya kudumu. Mawe yangesema, "tunakaa". Udongo unasema, "tunapita". Mvua kubwa ikinyesha, Tarach hufurika na ukuta huyeyuka. Watu hukanyaga udongo upya wakajenga tena. Kanisa la namna hiyo laweza kuwa na umri wa miaka thelathini huku hakuna tofali hata moja lenye umri wa miaka kumi.

Na waumini nao ni hivyo hivyo. Kuanzia mwaka 2000 maelfu ya wale wavulana walipelekwa Marekani. Baada ya mkataba wa amani wa 2005 wengine walirudi kwao, na mwaka 2011 Sudan Kusini ikawa nchi huru. Vita vilipozuka tena Desemba 2013, wakaja wapya, wengine wakiwa ni watoto wa waliokwisha kuondoka. Mwaka 1538 serikali ya Uingereza iliamuru kila parokia iwe na daftari la ubatizo, ndoa na maziko, na mpaka leo watu huenda huko kutafuta mababu zao. Mtu aliyebatizwa Kakuma akiwa na miaka tisa, leo yuko Nebraska au Juba, babu yake atatafutwa wapi? Jengo halitamsaidia, limeshayeyuka mara nne. Daftari ndilo litakalomsaidia, kama mchwa hawakulifikia.

Hapa ndipo nilipoliwekea neno "parokia". Limetoka kwa Kigiriki, na maana yake ya zamani ilikuwa kukaa ugenini, kukaa jirani na watu wasio wako. Waingereza walilichukua wakalipa mipaka, kuta za mawe na fungu la kumi, hadi likawa na maana ya mahali ambapo mtu ni mwenyeji kabisa. Kakuma neno limerudi lilikotoka.

Ila mambo yanabadilika. Mwaka 2016 makazi ya Kalobeyei yalifunguliwa ili wakimbizi na wenyeji waishi pamoja, na huko nyumba za kudumu zikaanza kuonekana. Mwaka 2025 serikali ikazindua Mpango wa Shirika, wenye nia ya kugeuza kambi kuwa makazi ya kawaida. Nilimwuliza rafiki yangu mmoja, mzaliwa wa kambi ambaye wazazi wake ni wa Sudan Kusini, kama kanisa lao litajengwa kwa mawe sasa. Akasema hapo ndipo ugomvi ulipo. Vijana wanataka mawe. Wazee wanasema ukijenga kwa mawe umewazika wazazi wako huku. Mama yake anataka tu bati la juu ya kiti chake lisivuje.

Ndugu msomaji, ikiwa nyumbani kwenu kuna picha ya zamani ya kanisa, ghala au mti wa mkutano, popote kati ya Lokori na Lokichoggio, tafadhali mletee mhariri kabla ya muhula wa pili kwisha. Andika nyuma yake kwa penseli mahali na mwaka. Usitumie kalamu ya wino, inapenya ikaharibu picha.